Ng'ombe Waliotulia Kama Wamechorwa

Loveness, ile meseji niliyokutumia asubuhi kwamba filamu yangu haina mpinzani Kagongwa nzima, ifute. Ifute sasa hivi!

Sharti la shindano unalijua: kamera isisogee, mbuga ionekane kama mchoro wa rangi, na usipange kitu chochote. Mshindi anaenda kusomea filamu Mwanza. Basi filamu yangu ya ng'ombe mbugani ilipoisha kuonyeshwa, nikasimama mbele ya watu, kifua mbele: "Mimi sikugusa hata jani."

Wakapiga makofi, Love. Makofi!

Halafu Baba Enock, yule mfugaji, akanyanyuka. "Kijana, ng'ombe gani hao wanasimama sehemu moja jua la saa saba, vichwa chini? Hapo pamemwagwa chumvi, wanailamba."

Chumvi! Filamu yangu yote, mzee ameona chumvi tu! Jaji kavua miwani, ananitazama.

Nimechukia mpaka nikacheka. "Baba Enock, mimi sifugi hata kuku. Chumvi ya ng'ombe nitaitoa wapi?"

Sauti ikatoka nyuma. Mama Kudra wa dukani.

"Cornel mwanangu, si kwangu Jumanne? Mfuko mzima, tena ukasema babu yako kanunua ng'ombe!"