Fumiko Alinyamaza, Njoroge Akaongea

Jumamosi

Huyu kaka yangu Njoroge hana adabu hata kidogo, na kesho nitamwambia tena.

Fumiko ni mwigizaji wa Japani ambaye hapa Rongai ni mimi tu ninayemjua. Nimetafuta filamu zake miaka mingi. Karibu katika zote anabeba chai, anainama, anatoka. Katika moja tu ndipo walipompa nafasi: mtoto wake amekufa, anakaa kando ya kitanda, kamera haimwachi, naye hasemi neno.

Njoroge hutafsiri filamu kwa maiki, watu wakiangalia, kwenye kibanda chake cha video. Nilimwomba anyamaze hapo tu, hapo peke yake. Akakubali.

Leo ameionyesha, na ilipofika hapo akapaza sauti juu ya yule mama: "Mathe ameshtuka, unga imeisha!" Watu wakaangua kicheko.

Nikamfuata nje. "Si uliniahidi?"

"Sister, wacha zako. Hawa hawakuja kuangalia mtu amenyamaza."

Kazi ya maisha yote ya Fumiko, na Rongai watamkumbuka kwa unga.

Mjinga kabisa huyu Njoroge. Lakini kinachoninyima usingizi ni kwamba aliposema ile ya unga, kabla sijakasirika, nilicheka.