Mgeni wa Matanga Amekataa Kwenda Kwao

Shangazi Milka mpendwa,

Nakuomba unisome mpaka mwisho hata kama utanikasirikia, maana hapa Kosele sina tena wa kumwambia. Mimi ni mjane, mume wangu Elkanah alikuwa fundi wa baiskeli na alifariki mwaka huu baada ya kukohoa kwa muda mrefu, na kama unavyojua kwetu mke ndiye anayepiga nduru ya kwanza ili boma lijue kuna msiba, lakini mimi ni mwenyekiti wa akina mama kanisani, na pasta aliniwahi pale mlangoni akaniambia, "Dada Phelesia, waliookoka hawapigi nduru, jikaze, watu wanakuangalia," nami nikajikaza, nikafunga mdomo, nikaenda kuinjika chai.

Siku ya mazishi akaja mgeni aliyejifunika shuka ya kijivu, nikadhani ni ndugu wa marehemu kutoka Kisegi, na kwa desturi mwombolezaji haulizwi jina, anapewa mahali pa kukaa na sahani, kwa hiyo nikampa ugali na samaki, hakugusa, akaja akaketi nyuma yangu akaegemeza sikio mgongoni pangu, na Shangazi, ule mzigo uliokuwa kifuani ukaanza kupungua kama maji kwenye mtungi uliotoboka. Shuka ilipoteleza niliona si mtu, ni mnyama wa kimo cha mbuzi, manyoya ya rangi ya majivu na vidole virefu, yule ambaye bibi zetu walimwita jacham kuyo, yaani mla huzuni, nami badala ya kumfukuza nikamfunika tena.

Wageni wote walikwenda kwao, yeye akabaki. Alipomaliza huzuni akala hasira, ndiyo maana shemeji yangu Simeon alipokuja kuchukua plau ya marehemu, ile ya kukokotwa na ng'ombe, nilimshikia mlango na kumtakia safari njema, kisha akala na hofu. Lakini kubwa zaidi ni la Awino, binti yangu wa darasa la pili, ambaye alikuwa anamlilia baba yake kila akiona baiskeli, nikachoka kumsikia, nikamwambia yule mnyama, "Nenda ukakae na mtoto." Akanyamaza siku ile ile, na mimi nikashukuru. Juzi mtoto alishika sufuria ya moto, ngozi ya kiganja ikabaki kwenye sufuria, na hakulia, alinijia taratibu akanyoosha mkono akasema, "Mama, angalia." Nikaangalia. Nilijua kabisa kwamba mama mwingine angepiga kelele, na sikupiga.

Sasa jirani yangu Rispa, aliyezika mtoto mchanga, ameshajua, na ananiomba kila tukikutana, akiniita mama wa Awino kwa lugha yetu, "Min Awino, si uniazime hiyo kitu yako, hata siku moja tu nilale." Je, nimpe Rispa mnyama huyu, au nimfukuze, au nimwache akae? Nikimfukuza naogopa yote yatarudi, lakini hapana, nimeandika vibaya, siogopi, siogopi chochote, na hilo ndilo linalonifanya nikuandikie.

Phelesia, Kosele

Phelesia,

Pole kwa Elkanah. Nakupa pole kwanza kwa sababu inaonekana hakuna aliyekupa, wote walikuambia ujikaze. Lakini umemkabidhi mnyama mtoto wako wa kumzaa, kisha unaniuliza kama umwazime jirani, kana kwamba ni ungo! Nimekasirika, na sitaficha.

Mpeleke Awino zahanati leo, kabla hujamaliza kusoma hapa. Mkono ule haungoji ushauri wa gazeti.

Rispa usimpe. Miaka hii huku kwetu matanga hayakatiki, leo boma hili kesho lile, na wanyama hawa wamenenepa kuliko ng'ombe wetu. Barua kama yako nazipata kutoka Rongo mpaka visiwani, na karibu zote zinaanza namna moja: mtu alifunga mdomo mbele ya maiti ili asifiwe. Pasta wako alikosea, na kama ananisoma, akumbuke kwamba hata Yesu alilia kaburini na watu walimwona. Ila mdomo ulikuwa wako, mama.

Huyo mnyama ulimpa nafasi ya mwombolezaji, na mwombolezaji haondoki kabla ya matanga kuisha. Kwako hayajaisha, hata kuanza hayajaanza, kwa sababu nduru ya kwanza ni ya mke na wewe bado umeikalia. Hatoki kwa fimbo, wala kwa kufunga na kuomba. Kesho asubuhi mwite Rispa, mwende kaburini pamoja na Awino. Mtaje Elkanah kwa jina. Mgombeze kwa kukuacha, mweleze na habari ya plau yake. Utaniambia huna uchungu wa kulilia. Najua. Nduru inataka koo, basi. Ipige hivyo hivyo ikiwa kavu, na Rispa ataipokea, maana yeye uchungu anao tele na hajapata pa kuutua. Mnyama hula kilichofichwa kifuani. Kilichokwisha kutoka mdomoni mbele za watu hawezi kukila. Piga mpaka uisikie ni yako.

Sitakudanganya, itauma kuliko siku ile ya kwanza, kwa sababu huzuni itakuja yote kwa pamoja, na huenda ukanilaani. Nilaani tu, nimezoea. Hasira ikirudi, nenda nayo kwa Simeon kabla haijapoa, urudi na plau.

Na Awino atalia. Ataulilia mkono, atamlilia baba yake, na atakulilia wewe kwa ulichomfanyia, siku nyingi, na wewe umeshazoea nyumba iliyo kimya. Utatamani kumwambia ajikaze. Usithubutu. Mpakate, mlie wote wawili.

Shangazi Milka