Uyoga wa Dada

Dada,

Sisi wazima, nawe soma kozi yako kwa utulivu. Paka kazaa juu ya gauni lako la kijani, na jirani bado hajarudisha ngazi.

Jumatatu chumba chako cha uyoga kiliingiwa na ukungu. Shemeji akachukua dawa ya kupulizia nyanya. Karatasi yake inasema asili yake ni uyoga unaoozesha magogo, naye hakusoma zaidi.

"Uyoga utamdhuru vipi ndugu yake?" akaniuliza.

Mimi niliisoma mpaka maandishi madogo. Uyoga ule hutoa sumu kuwaua jamaa zake wasigombee gogo. Familia kama nyingine tu. Lakini nilipofika chumbani, alikuwa ameshapuliza chumba kizima.

Uyoga mchanga umekufa. Uliokomaa unang'aa, na leo jioni mpishi wa shule anakuja kuuchukua. Nikamwambia shemeji huo ni wa kutupa.

"Utaoshwa. Usinitie aibu kwa wateja wa dada yako."

"Na watoto?"

"Watoto wanakula hata udongo, shemeji."

Nikaenda kufunga mlango wa chumba cha uyoga.

Kitu kigumu ulichokigusa ndani ya bahasha ni ufunguo wake. Posta yetu hujikokota, na mara hii naishukuru. Mpaka ukufikie, uyoga utakuwa umeoza. Shemeji anautafuta ufunguo tangu asubuhi, nami nimemsaidia kuinua makochi mara mbili.

Sasa anauliza shoka liko wapi. Nimelikalia, ndiyo maana sina haraka ya kumaliza barua hii.

Mdogo wako