Nimeifuta Kesi ya Joba, Sasa Mwenyewe Anataka Kujua Sababu

Mpendwa mshauri, naomba msaada, na tafadhali unisome hadi mwisho kabla hujanicheka. Mimi na kaka yangu Enamul tuna duka la mtindi mtamu wa vyungu hapa mjini Sherpur, tulilorithi kwa marehemu baba, linaitwa Joba, na kwenye karatasi ya kila chungu kuna ua jekundu la joba, alama tuliyoisajili, na miaka yote nilijua jina ni la ua hilo tu. Mwaka jana tukasikia kuna mama huko mji wa Naogaon anauza mtindi kwa jina hilohilo, tukamshtaki, wakili akaniletea chungu chake kama kielelezo, nami nikachovya kijiko kimoja, mshauri, kumbe ni mtindi wa utotoni kwangu, ule ambao sisi wenyewe hatuupati tena.

Sikumwambia mtu. Nikapanda basi hadi Naogaon, nikajifanya mteja, nikala vyungu viwili, kisha nikamuuliza yule mama, kama mtu anayepiga soga tu, jina la duka limetoka wapi. Akasema, "Ni langu, baba. Naitwa Jobarani Ghosh. Kuna mzee wa Sherpur nilimchemshia maziwa miaka ishirini, nikaondoka wanawe wakiwa bado wadogo; aliupenda mtindi wangu, akaandika jina langu juu ya duka lake. Sasa wanawe wananishtaki kwa kulitumia."

Nilirudi sina raha. Wiki iliyopita nikamwagiza wakili aiondoe kesi, ikaondolewa. Enamul amenuna, anasema nimemtupia mtu baki jasho la baba. Juzi binti wa yule mama, Malati, akaja dukani akasema, "Mama anauliza, kwa nini mmeifuta?" Nikamwambia nitamletea jibu baadaye. Je, nikiri kwamba nilikwenda kwake kwa kujificha? Na nina haki ya kumuuliza baba yangu alikuwa nani kwake? Maana hilo ndilo linaloninyima usingizi.
Tofazzal, Sherpur

JIBU: Pole, Tofazzal, na hongera kwa kuifuta kesi. Hapo umefanya la maana. Lakini kwenda kula kwa mtu uliyemshtaki bila kumwambia wewe ni nani, ni utovu wa adabu, na unajua. Tena unadhani hakukutambua? Mwanamke aliyemwona baba yako kila siku kwa miaka ishirini, kisha mwana wa mzee huyo akae mbele yake ale vyungu viwili! Mimi nadhani aliyajua maneno yake yanamfikia nani. Anapouliza kwa nini, anataka kulisikia kinywani mwako.

Basi nenda, na safari hii mchukue Enamul, aonje mwenyewe kabla hajanuna zaidi. Taja jina lako mlangoni. Omba radhi kwanza, maelezo baadaye. Kisha wekeni maandishi mbele ya wakili kwamba Joba ya Sherpur na Joba ya Naogaon zote zitauza, kila moja iandike mji wake, kwa sababu kesi iliyofutwa bila mapatano, kaka mwenye hasira anaweza kuifungua tena.

Kuhusu baba yako, uliza mara moja tu, kwa upole. Akikusimulia, sikiliza. Akinyamaza, na wewe nyamaza, umalizie mtindi wako, urudi nyumbani.