Yonathani Anakula Nje

Mbozi, Juni 1954

Mshauri mpendwa Bibi Fides,

Shikamoo. Naomba unisaidie maana sina raha. Mimi natoka Nyasaland, nimevuka mto Songwe kuja kusoma ualimu huku Mbozi, na chumba nimepanga na wenzangu wawili, Barnaba mwenyeji wa Ndalambo, na Yonathani wa Isoka, Rhodesia ya Kaskazini, na tangu tufike tunapika pamoja na kula sahani moja kama ndugu, sasa Yonathani ameanza kukohoa, amekonda, na wiki jana nilimkuta nyuma ya nyumba anafukia damu kwa mguu, akaniapisha kwa Biblia nisimwambie mtu, kwa sababu shule ikijua itamrudisha kwao, na mama yake amebaki na yeye tu na anamngoja awe mwalimu, nikaapa, lakini hofu ikanishinda, jioni nikampakulia ugali wake pembeni kwenye bakuli, Barnaba akauliza kulikoni, Yonathani akalitazama lile bakuli, akalichukua, akasema, "Mimi nitakula nje, humu kuna joto," na baridi ya Juni hapa Mbozi unaijua, Bibi, na mpaka leo anakula nje peke yake, wala hanilaumu, nami nashindwa kumtazama usoni. Nivunje kiapo, au nimwombee tu nikae kimya?

Wako,
Lusubilo

Mwanangu Lusubilo,

Nimekuonea huruma, kisha nikakasirika. Umemficha mgonjwa asionwe na daktari, halafu ukamtenga kwa chakula bila kumwambia neno. Na Barnaba je, anayelala chumba hicho hicho bila kujua lolote? Kumwombea Yonathani ni vizuri. Ombeni mkiwa njiani kwenda hospitali.

Ukimaliza kusoma haya, mwambie mwenyewe kwanza, usimzunguke: "Ndugu yangu, nakwenda kwa mwalimu mkuu, twende pamoja." Akikataa, nenda peke yako. Kisha wote watatu mkapimwe kifua. Siku hizi kifua kikuu kina dawa, na aliyepona anaweza kurudi darasani. Kiapo cha kumwacha mwenzako afe Mungu hakihitaji.

Bakuli lake liwe lake, hapo hukukosea. Lakini jioni hii chukua sahani yako, ukae naye huko nje kwenye baridi, mle mkizungumza.

Atakununia kwa kutoa siri yake, pengine mwaka mzima. Vumilia, mwanangu. Anayenuna yu hai.

Bibi Fides