Kibuyu cha Mtu Ambaye Hayupo

Jumatatu, 3 Juni 1996

Nimechuma majani chai tangu asubuhi. Mvua. Jioni nikasugua kibuyu cha Kiprono kwa mkaa, nikakijaza maziwa yagande yawe mursik. Upuzi mtupu. Mume wangu alitoroka jeshi Januari na hajakanyaga hapa. Barua moja tu: wenzake walimpiga mfugaji mmoja huko kaskazini hadi akafa, na Kiprono ndiye aliyemfunga mikono. Akaacha bunduki, akaondoka. Nimemkosa hadi mwili unauma.

Jumatano, 5 Juni

Wanajeshi wawili. Mmoja mgeni, akapekua mpaka choo, akaambulia patupu. Wa pili ni mtu wa kwetu, wa Silibwet. Huyo alienda moja kwa moja jikoni, akanusa kibuyu cha mwenye boma. "Mama, mursik ni ya juzi. Nani anatengenezea mtu hayuko? Yuko wapi?"

Nikasema ukweli, kwamba namtamani tu. Walicheka. Nilitaka ardhi inimeze.

Ijumaa, 7 Juni

Wale wanajeshi hawakuniamini; wamejificha ndani ya chai yetu, wanamngoja. Mimi ndiye niliyewaweka pale, kwa kibuyu nilichojaza kwa mikono yangu. Mjinga mimi. Naomba asije. Naomba aje.

Jumapili, 9 Juni

Amekuja. Mchana peupe, kwa barabara, amekonda. Nikapiga kelele akimbie. Hakukimbia. Wale wakatoka kwenye chai na bunduki, akawasalimia.

"Nilikuwa naenda kujisalimisha, Mama Cherono. Nilitaka nikuone kwanza." Eti lazima mtu aseme vile yule mfugaji alikufa.

Nikamuuliza, na mimi je? Akaomba kibuyu chake.

Yule wa Silibwet alimwacha anywe kibuyu chote kabla ya pingu. Sikumshika hata mkono.

Jumanne, 18 Juni

Nimetoka kumwona, huko mjini anakozuiliwa. Dakika kumi, askari katikati yetu. Atafungwa kwa kutoroka, hilo halina shaka. Ya mfugaji wameandika, lakini wale waliompiga bado wako kazini. Nimewachukia. Kiprono naye nimemchukia kidogo, halafu nikalia.

Alhamisi, 20 Juni

Cherono ameuliza tena baba yuko wapi. Safari hii nilikuwa na jibu. Nikamtajia mji, nikamwonyesha upande wa barabara. Akaangalia huko. Kisha tukabeba vikapu, tukashuka kuchuma upande wa mto.