Namba ya Mguu Uliopona

Garissa,
Jumapili, baada ya alasiri.

Kwa walaal, ndugu yangu mpenzi Abdiwahab,

Assalamu alaykum warahmatullah. Naomba barua hii ikukute mzima huko Dadaab, wewe, mkeo Ilwad na watoto wote. Je, kile kikohozi chako cha vumbi kimepungua? Na duka linaendaje? Sisi huku tu wazima, alhamdulillah, ila joto ni lile lile unalolijua. Maji ya mtungini yanapata moto hata kabla ya adhuhuri.

Utashangaa kuona karatasi badala ya simu. Nimejaribu kukurekodia sauti mara tatu nikafuta zote, maana simu yako husikilizwa na duka zima. Na Kisomali changu ni cha mdomo tu. Kuandika nilifundishwa kwa Kiswahili, tena mpaka darasa la saba, basi nivumilie.

Habari yenyewe ni ya mguu. Ule wa kushoto, uliovunjika Takaba siku pipa la maji lilipodondoka kutoka mkokoteni wa punda, umebaki mfupi kuliko mwenzake kwa vidole viwili, na sasa umeanza kuiharibu nyonga. Daktari alisema nahitaji kiatu cha soli ya kuinuliwa na miezi mitatu ya mazoezi, na kwamba bima yetu ya wafanyakazi italipa. Nikafurahi. Maana Bi Kowsar, mwalimu mkuu wa shule ninayopikia, alikuwa ameniambia kwa upole, lakini waziwazi, kwamba hawezi kuweka mpishi anayesonga ugali wa wasichana mia nne akiwa ameketi. Amenipa mpaka shule zifunguliwe muhula ujao. Baada ya hapo, jiko ni la mwingine.

Basi nikaanza safari ya kupeleka fomu, walaal, na safari hiyo imenichosha kuliko mguu.

Kumbe huko hospitalini kila ugonjwa una namba yake, na bima haisomi maneno, inasoma namba. Karani wa kwanza aliniuliza nina nini, nikamwambia nilivunjika mguu, akaandika namba ya mguu uliovunjika. Baada ya wiki tatu bima ikajibu kwamba picha ya eksrei inaonyesha mfupa ulioshikana zamani, hakuna mguu uliovunjika hapa. Yaani wananiona mwongo. Nikarudi. Karani mwingine akaandika namba ya maumivu ya nyonga peke yake. Bima ikauliza maumivu yametoka wapi. Nikarudi tena, nikapanga foleni tangu saa moja asubuhi, nikaambiwa mtandao umelala.

Mara ya nne nikampata karani anayeitwa Abdisamad, kijana mtaratibu, mwenye subira. Akafungua faili langu akasoma, kisha akaniangalia. Akaniambia daktari ameandika hapa kwamba sina malalamiko yoyote. Nilitaka kulia. Nikakumbuka kila daktari akiniuliza hali ya mguu, mimi humjibu alhamdulillah, sina neno. Ungetaka nijibu nini? Mama alitulea hivyo, mtu hamshitaki Mola wake mbele ya mgeni. Abdisamad akacheka kidogo akasema, "Mama Rukiyo, kwa Mungu shukuru, lakini kwa daktari lalamika." Akanirudisha kwa daktari, na siku hiyo nililalamika mpaka mwenyewe nikaona haya.

Ndiye aliyenieleza kwamba mguu kama wangu unahitaji namba mbili. Ya kwanza ni ya shida iliyopo leo, yaani ufupi na nyonga. Ya pili inasema shida hiyo imeachwa na mfupa uliovunjika zamani ukapona. Lakini ili aandike ya pili, anataka karatasi ya mahali nilipotibiwa. Karatasi gani, walaal? Nilitibiwa na Abti Maow, kwa mabanzi ya mti na kitambaa, kitandani kwake. Akasema basi, aliyenifunga aandike maelezo, atie kidole gumba mbele ya chifu.

Najua jina hilo linakuchoma. Tangu mguu wangu utoke umepinda, wewe hujamsalimu mjomba wetu. Ulimwita mvunja miguu mbele ya wazee, na tangu hapo watu wa Takaba wakaacha kumpelekea mifupa yao. Miaka kumi na moja sasa.

Nilimpigia simu kwa aibu. Hakuuliza maswali. Binti yake Rahmo akaandika, chifu akashuhudia, karatasi ikaja na basi. Nilipoifungua niliona Abti amesema mguu ulipinda kwa sababu mkono wake ulikosea.

Hapo ndipo nilipoketi chini, Abdiwahab. Kwa sababu si kweli.

Abti aliniambia nisikanyage kwa siku arubaini. Ramadhani ikaingia, likaja kumi la mwisho. Wanawake wa Takaba walikuwa wakinisifu kwa kusimama katika tarawehe, wakisema Rukiyo wa Garissa hachoki. Mungu alikwisha kuniruhusu kusali nimekaa. Mimi sikukubali. Nilifungua mabanzi kwa mikono yangu na kusimama safuni siku saba, nikiuma meno, na kila nikirudi nilifunga tena. Nilisema ni ibada. Ilikuwa sifa. Mguu ulipopinda na wewe ukamlaumu Abti, nikanyamaza, na kunyamaza kukazoeleka.

Nilimpigia tena nikamwambia yote. Akasema, "Nilijua tangu siku ile, Rukiyo. Fundo la kitambaa nililolikuta kwenye mabanzi halikuwa langu." Nikamuuliza mbona hakusema. Akasema Idd ilikuwa kesho yake, na hakutaka kumfedhehesha mtoto wa dada yake siku ya Idd. Baadaye, akasema, ulikuwa umekwisha kukasirika, na wewe ukikasirika husikii.

Nilimwambia Abdisamad sitaki karatasi ile. Alishangaa. Alisema ingepita vizuri tu, na kwamba namba haiulizi nani alikosea. Nikamwambia mimi naulizwa. Kwa hiyo Rahmo anaandika nyingine, ya kweli, na chifu amesafiri kwenda Mandera, na shule zinafunguliwa baada ya siku kumi na mbili. Huenda jiko likaniponyoka. Nimekasirika na makarani, na mtandao, na chifu, lakini zaidi na nafsi yangu.

Mimi sasa nasali kwenye kiti, kila siku. Sikuombi unihurumie kwa hilo. Nakuomba umpigie Abti. Ni mzee, na macho yake yamepungua. Mwambie lolote utakaloliweza. Na kama hasira yako inahitaji mtu, mtu ni mimi.

Nisalimie Ilwad, na watoto mmoja mmoja. Mwambie Hani shangazi yake amemwekea kitambaa cha Idd. Mungu akuhifadhi na akulainishie moyo.

Tafadhali nijibu upesi.

Ni mimi dada yako,
Rukiyo